Mpagazi wa Dakika ya Nne

Jumanne saa nane mchana, wazee walipokwisha kula na kumeza vidonge vyao, Keziah alishusha mapazia ya ukumbi, akabandika shuka jeupe ukutani kwa pini sita, akawasha projekta. Nyumba hiyo ya wazee iko Saint Paul, Marekani, hatua chache kutoka kituo cha treni ya Green Line, na Jumanne ndiyo siku yake ya sinema. Wazee kumi na sita walikuwa wamepangwa nusu duara kwenye viti vya magurudumu, kila mmoja na bakuli la bisi zisizo na chumvi. Nje kulikuwa na theluji ya tangu Krismasi. Ndani joto lilikuwa la kumfanya mtu apige miayo.

Filamu za siku hiyo zilikuwa za vichekesho, za kuchorwa kwa mkono, zisizo na sauti, za miaka ile ya Vita Vikuu vya Kwanza. Zilitoka chini ya kitanda cha bibi wa chumba cha kumi na nne, mwenye miaka tisini na mitano. Marehemu baba yake ndiye aliyezichora, picha moja baada ya nyingine, katika chumba cha juu cha nyumba yao hapo hapo mjini, na wajukuu walikuwa wamezihamishia kwenye flashi. Bibi aliketi mbele kabisa, kavaa hereni. Siku hiyo aliihesabu kuwa ya baba yake.

Filamu ya tatu ilihusu vita vya Afrika Mashariki. Kulikuwa na afisa mnene wa Kiingereza mwenye kofia pana, akimfukuza Mjerumani kuzunguka mlima. Mabomu yaligonga tumbo la afisa yakamrudia Mjerumani. Simba alikula suruali ya Mjerumani, akaitema, akajifuta mdomo. Nyuma ya afisa alitembea mpagazi mmoja mweusi tititi, midomo mikubwa kuliko uso, sanduku kichwani. Afisa alipokumbuka kitu, alikiongeza juu ya sanduku: kwanza beseni la kuogea, kisha kinanda, kisha mzinga wa vita. Kila kilipoongezwa kitu, mpagazi alizama mpaka magotini, akafumbua mdomo, na kibao cha maandishi chenye maua pembeni kikajaa ukutani: "Mzigo ni mwepesi, bwana!" Hapo wazee walicheka. Kichekesho kilikuwa hicho, hakikuwa na kingine.

Katika dakika ya nne afisa alitaka chai. Mpagazi akatumwa, akaondokea upande wa kulia wa picha, kama alivyokuwa akiondoka kwa zaidi ya miaka mia moja, ili atokee tena upande wa kushoto. Siku hiyo hakutokea. Alifika mwisho wa shuka, akakuta zulia, akakanyaga zulia.

Alisimama kando ya meza ya bisi, urefu wake kama wa mtu wa kawaida, mzigo wake ukigusa dari. Alikuwa mweusi na mweupe tu, na alitetemeka kidogo pale aliposimama, kama walivyotetemeka wote mle ndani ya filamu. Harufu yake ilikuwa ya wino. Ukutani afisa aliketi juu ya jiwe, akatazama saa yake ya mfukoni, akangoja chai kwa dakika tatu zilizobaki, na filamu ikaisha.

"Sasa huyu ni nani?" aliuliza Griffins, msimamizi wa zamu, Mkenya mwenzake Keziah, kijana nadhifu asiyependa mambo ya ghafla. "Ame-sign kitabu cha wageni?"

"Mikono imeshika mzigo," alisema Keziah.

Griffins akamwandika mwenyewe. Penye jina aliandika Mpagazi, penye sababu ya kuja aliandika sinema, na penye saa ya kuondoka aliacha wazi.

Jumatano asubuhi Vestine, mama wa Kinyarwanda aliyeshughulikia nguo, alimkuta mpagazi kwenye korido ya ghorofa ya kwanza, akingoja. Vestine alikuwa na shuka za vyumba ishirini na mgongo unaouma. Akatazama lile beseni la kuogea lililokuwa juu ya sanduku. Lilikuwa tupu. Akapanda kwenye stuli, akatia shuka humo. Mpagazi akazama mpaka magotini, akafumbua mdomo, kibao kikatokea ukutani juu ya tangazo la kunawa mikono, kisha akasimama na kuzipeleka shuka zilikotakiwa.

Basi ikawa hivyo. Alhamisi alipeleka trei za chakula. Ijumaa alihamisha kabati. Jumatatu Griffins akamtia kwenye ratiba, kwanza zamu ya mchana, halafu na ya jioni, kwa kuwa hakuwa na mapumziko ya kula wala gari la kuchimbua kwenye theluji. Watu wa makao makuu walikuja wakamtazama, wakasema ni msaada mkubwa. Vestine alianza kurudi nyumbani mapema, kwanza kwa furaha, baadaye kwa barua iliyompunguzia siku kutoka tano hadi tatu. Hakuna aliyemtukana mpagazi, msije mkadhani hivyo. Walimwambia tafadhali na ahsante, na wengine wakimpita walimpiga bega, wakabaki na weusi kiganjani.

Keziah peke yake ndiye aliyekosa raha, na raha aliikosa kwa sababu ya nyumbani kwao.

Kwao ni Bunyore, magharibi mwa Kenya. Babu wa baba yake alichukuliwa mwaka elfu moja mia tisa kumi na saba, wakati wa vita vya Wajerumani, akapelekwa Kariakoo, yaani jeshi la wapagazi. Alitoka asubuhi na wenzake wa kijiji, akiacha mke na mtoto wa kunyonya. Hakurudi, na hapakuja barua, kwa sababu vifo vya wapagazi havikuandikiwa barua. Katika boma lao, upande wa kulia wa makaburi, pana nafasi ya mtu mmoja ambayo haijalimwa tangu siku hizo. Mtu akifia mbali asionekane mwili, huzikwa mgomba badala yake, na nafasi ile ilikuwa ya mgomba huo. Lakini ukoo wao una ukali wake: mgomba hauzikwi kwa tetesi. Lazima atokee mtu aliyekuwa naye, asimame mbele ya wazee wawili, aseme nilimwona. Mwaka wa thelathini na nne alitokea mmoja, akala kuku wawili, akasema nilimwona, kumbe vita vyote alikuwa mpishi Mombasa. Baada yake hakutokea tena mtu.

Sasa baba yake Keziah, Mzee Zadock, alikuwa na miaka themanini na mmoja na moyo uliopanuka. Daktari wa Kisumu alikuwa amezungumza naye waziwazi. Mzee hakuogopa kufa. Alichokiogopa ni kulazwa ardhini kabla ya mkubwa wake, kama alivyolazwa baba yake mwenyewe kwa haraka mwaka wa sabini na mbili, na miaka yote iliyofuata alimwona baba huyo ndotoni amesimama, hana pa kuketi.

"Mimi sitaki kusimama," alimwambia Keziah kwenye simu. "Nimechoka, binti yangu. Nataka nikifika niketi."

Keziah alikaa Hopkins, kwenye fleti ya zamani yenye mabomba yanayogonga, na kila asubuhi aliendesha gari nusu saa mpaka Saint Paul akiliwaza neno hilo. Wiki ya tatu tangu mpagazi atokee aliacha kuwaza, akaingia chumba cha kumi na nne na kuuliza.

"Bibi, huyu mpagazi, baba yako alimtoa wapi?"

"Kwenye gazeti," alisema bibi. Alikuwa na kumbukumbu nzuri kabla ya chakula cha mchana. "Kulikuwa na picha ya wabeba mizigo wakivuka mto. Kumi na wanane, kwa mstari. Baba aliwaona wengi mno kuwachora, akamchukua wa mbele."

Keziah akakaa kwenye ukingo wa kitanda, jambo lisiloruhusiwa. Alikuwa na wa mbele. Nyuma ya wa mbele walikuwepo kumi na saba. Kwa nini babu asiwe mmoja wao? Moyo ulimwenda mbio, akauacha uende.

"Nataka aongee na baba yangu," alisema. "Lakini ana mzigo, na akiwa na mzigo anasema neno moja tu. Wewe ni mtoto wa mchoraji. Mtue."

Bibi alifikiri, akaomba penseli na ufutio. Wakamwita mpagazi, akaingia, akainama mlangoni kwa ajili ya mzinga. Bibi akaushika ufutio kwa mkono wake unaotikisika, akaanza pale sanduku linapokutana na kichwa. Akasugua mara mbili. Kipande cha sanduku kikatoka, na nywele za mpagazi zikatoka nacho, na sehemu ya paji la uso. Bibi akaacha.

"Nilisahau," alisema. "Baba alimchora kwa mstari mmoja, kichwa na mzigo, bila kuinua kalamu. Alijivunia sana jambo hilo. Alisema ndilo linalochekesha."

Akamrudishia paji la uso kwa penseli, taratibu, ulimi nje. Mstari wake haukunyooka kama wa baba yake, na tangu siku hiyo mpagazi alikuwa na mkunjo juu ya jicho la kushoto. Keziah alisema ahsante kwa sababu hakujua aseme nini kingine. Alikuwa na hasira, lakini huwezi kumkasirikia mtu wa miaka tisini na mitano ambaye saa moja baadaye utamwogesha.

Jumamosi hiyo saa tatu asubuhi, ambayo kwao ni saa kumi na mbili jioni, alimsimamisha mpagazi kwenye korido, akapiga simu ya video. Bunyore walikuwa wameketi nje: Mzee Zadock amejifunika blanketi, na wazee wawili wa ukoo wamevaa makoti. Waliangalia simu kwa zamu. Mmoja akasema mtu huyo amekonda. Mwingine akasema hakuna mpagazi aliyerudi amenenepa. Hayo yakaisha.

Mzee Zadock akamwamkia kwa Kinyore. Mpagazi alikuwa ameamkiwa kwa Kiingereza wiki tatu nzima bila kugeuka, lakini hapo aligeuza macho yake. Kichwa hakikugeuka, hakikuweza. Macho tu.

"Baba," alisema Mzee Zadock, na lilikuwa jambo la ajabu kidogo kumsikia mzee wa miaka themanini na mmoja akimwita mtu baba. "Nyuma yako kwenye ule mstari kulikuwa na mtu mrefu, sikio la kushoto limechanika. Ni babu yangu. Ulimwona akifa?"

Mpagazi akafumbua mdomo. Kibao kikatokea ukutani, na maua yake, na maneno yake yale yale. Kwenye simu maneno hayakusomeka, wazee waliona mwanga mweupe tu.

"Amesema nini?" aliuliza Mzee Zadock.

Keziah alikuwa na miaka kumi na moja katika kazi hiyo. Kila mwisho wa zamu aliandika habari za wazee wake kwenye kompyuta, na kazi ilikuwa imemfundisha namna ya kuziandika. Mzee aliyelia tangu asubuhi akimwita mkewe aliyekufa, unaandika: ametulia, hana malalamiko. Aliyekataa kula: amekula kiasi. Ukiandika vinginevyo zinakuja simu na fomu, na mzee bado analia. Mkono wake ulikuwa umezoea. Siku hiyo na mdomo ukazoea.

"Anasema alimwona, baba," alisema Keziah.

Mpagazi alikuwa akimtazama.

"Alikufa kwa homa," aliendelea. "Kando ya mto. Wenzake walimzika, wakamwombea."

Mzee Zadock akaanza kulia bila sauti, wale wawili wakatazama pembeni kwa heshima. Kisha akauliza swali ambalo Keziah hakulitarajia.

"Na mzigo? Alizikwa akiwa bado nao?"

"Hapana, baba. Walimtua kwanza."

"Walimtua," alisema Mzee Zadock. Akawageukia wenzake. "Mmesikia? Walimtua."

Walikuwa wamesikia. Wakanyanyuka, wakasema ushahidi umetosha.

Mgomba ulizikwa Jumamosi ya pili ya Machi. Keziah alihudhuria kwa simu, kwenye chumba cha mapumziko cha wafanyakazi, Vestine kando yake akiwa na chai. Mgomba ulikuwa umevikwa shuka jipya. Mchungaji alisema maneno machache, kwaya ikaimba, Mzee Zadock akatupa udongo kwa mkono wake, kisha akaomba kiti, akaketi pale pale kando ya kaburi, amenyoosha miguu. Jioni hiyo, alisema baadaye ndugu yake Keziah, mzee alikula ugali wote na kuku, akaongezewa. Usiku alimwota baba yake, na baba yake alikuwa ameketi.

"Umefanya vizuri, dada," alisema Vestine simu ilipokatika.

"Nimefanya vizuri," alisema Keziah, akaosha kikombe chake, na kwenye sinki akashikwa na kilio kilichomshangaza mwenyewe. Alilia haraka haraka kwa sababu mapumziko yalikuwa yamebaki dakika sita.

Alipotoka alimkuta mpagazi mbele ya lifti, na shuka za ghorofa ya tatu kwenye beseni. Hapakuwa na mtu mwingine. Keziah alisimama mbele yake. Alijiambia: nimesema uongo kwamba walimtua yule. Basi walau huyu nimtue, hata kama ni kidogo. Haikuwezekana kumwondolea, hilo alilijua. Lakini kuinua si kufuta.

Akavua saa, akaweka viganja chini ya sanduku, kimoja huku na kimoja kule, akasukuma juu.

Mwezi na nusu alikuwa akimpita mtu huyo kila siku, naye, kama wote, alikuwa amechukulia kwamba mzigo wa wino una uzito wa wino. Uzito uliomshukia mikononi ulikuwa wa sanduku lililojaa, na beseni la chuma, na kinanda, na mzinga. Viwiko vilimtetemeka hapo hapo. Akasukuma kwa miguu, kama wanavyofundishwa kumwinua mgonjwa, na mzigo ukapanda upana wa vidole viwili.

Mpagazi akaacha kutikisika. Shingo yake, ambayo ilikuwa imezama mabegani tangu alipochorwa mwaka wa kumi na nane, ikanyooka. Akavuta pumzi, na Keziah akaisikia, sauti ya kwanza kutoka kwake. Kisha akafanya kitu ambacho hakuwahi kukifanya katika filamu wala katika nyumba hiyo: akageuza kichwa, akatazama nyuma yake. Alitazama korido nzima mpaka mwisho wake, kwa makini, kama mtu anayehesabu. Keziah aliona midomo yake ikihesabu. Alifika kumi na saba.

Akamrudia Keziah. Macho yake yalikuwa na maji. Akainua mkono wake mmoja, akashika sikio lake la kushoto, akalivuta, akafumbua mdomo, na ukutani hakikutokea kibao.

Mikono ya Keziah ikamshinda. Hakuwa tena na miaka ishirini, na bega la kulia lilikuwa bovu tangu alipomdaka mzee mmoja aliyeteleza bafuni. Mzigo ukashuka mahali pake, shingo ikazama, mdomo ukafungwa, mtetemeko ukaanza upya.

Mlango wa lifti ukafunguka. Alikuwa Griffins na kompyuta yake kifuani.

"Griffins, ndugu yangu, nisaidie," alisema Keziah, akihema. "Shika huko, mimi nishike huku. Muite na Vestine. Dakika tano tu. Ana kitu anataka kusema, na ni cha babu yangu, nakuomba."

Griffins alimtazama mpagazi, akamtazama Keziah. Hakuwa mtu mbaya. Wiki iliyopita alikuwa amechangia mazishi ya mgomba.

"Si ulisema alishasema?"

Keziah akalisugua bega lake la kulia.

"Dada, floor ya tatu wamelala bila shuka," alisema Griffins kwa upole. "Na hapo ukiumia mgongo ni fomu sita. Tufanye kesho."

Mpagazi akaingia kwenye lifti. Kesho yake ilikuwa Jumapili, na Jumapili wafanyakazi ni wachache. Mzee Zadock alipiga simu baada ya kanisa, sauti imepata nguvu, kuuliza kama yule shahidi hajambo, na Keziah akasema hajambo, baba, ametulia. Jumatatu ilikuwa zamu ya kufua mablanketi ya nyumba nzima. Wakamwongezea.